Kelele Isiyo na Kilo

Nimeambiwa kwa tarakimu kwamba kelele inayoninyima usingizi haipo. Aliyeniambia ni mpwa wangu, anayesomea mambo ya umeme chuoni. Alikuja likizo na simu yenye programu ya kupimia sauti, akasimama katikati ya ua wetu hapa juu ya Silibwet, Bomet, usiku wa Jumamosi, akainua simu hewani, akasubiri, akasoma.

"Shangazi, ni arobaini na nne tu. Kitaalamu hapa pametulia."

Pametulia! Vioo vya madirisha vilikuwa vinatetemeka. Vikombe kabatini vilikuwa vinagongana bila kuguswa. Mzee wangu alikuwa amelala na mto juu ya kichwa badala ya chini yake. Ng'ambo ya bonde, baa moja ya sokoni ilikuwa imeshaanza zamu yake, na kilichokuwa kinatufikia hakikuwa wimbo, maana wimbo una maneno na una gitaa. Sisi tunaletewa besi peke yake. Dum, dum, dum, mpaka majogoo. Usingizi nimenyimwa, na wimbo wenyewe nimenyimwa pia. Nikienda kulalamika sina hata wimbo wa kuutaja.

Mimi ni mkulima wa chai, na mizani naijua. Nachuma majani mawili na chipukizi, napeleka kwenye banda, karani anatundika, anasoma, anakata kidogo kwa ajili ya gunia na maji ya mvua, anaandika. Kuhusu hayo makato tumebishana tangu nikiwa msichana. Lakini kuna jambo hatujawahi kulibishania: kilo moja na kilo moja ni kilo mbili. Nilipomuuliza mpwa wangu hiyo desibeli yake inahesabiwaje, nilitarajia kitu cha namna hiyo. Kumbe nilikuwa naingia kwenye banda ambalo karani wake hajui kujumlisha.

Chukua spika moja inayokufikishia desibeli 60 hapo uliposimama. Washa ya pili kando yake, pacha wa ile ya kwanza. Wewe na mimi tungeandika 120. Hapana, ni 63. Washa kumi kwa pamoja, utapata 70. Kila nguvu ya sauti ikizidishwa mara kumi, desibeli zinapanda kumi basi. Na sikio nalo lina daftari lake: hizo kumi zikiongezeka, kwa watu wengi sauti inasikika imekuwa kubwa maradufu hivi. Yaani mtu ananunua spika kumi ili asikike mara mbili ya mwenye moja.

Hapo ndipo nilipoelewa kisa cha kanisa moja la mabati hapa jirani. Lilikuwa na spika mbili mlangoni, zote zimeelekezwa kwetu sisi tusiookoka vya kutosha. Tulipeleka ujumbe wa akina mama kumwona mchungaji. Mchungaji ni mtu mwema, alitusikiliza, akatoa spika moja. Jumapili iliyofuata akatangaza, kupitia ile iliyobaki, kwamba amepunguza kelele kwa nusu kwa sababu ya upendo kwa majirani. Tukasema amina, kisha tukatazamana, kwa maana hakuna aliyesikia tofauti. Sasa najua sababu. Ukitoa spika moja kati ya mbili umepunguza desibeli 3, na hizo sikio linazitambua kwa shida, tena kwa mtu anayesikiliza kwa makini. Ili sisi tusikie nusu, mchungaji angehitaji kuanza na spika kumi na kuondoa tisa. Hakuwa na tisa za kuondoa, maskini.

Jirani mwingine, huyo ana ulimi, alinishauri kwamba nikiona kelele zimezidi nihame kidogo. Hilo nalo nimelipigia hesabu. Mahali palipo wazi, ukiongeza umbali mara mbili kutoka kwenye spika unapunguza desibeli 6. Ili baa isikike nusu ya inavyosikika sasa, inabidi niwe mbali nayo zaidi ya mara tatu ya nilivyo leo. Kwa umbali huo nitakuwa ndani ya shamba la mtu mwingine, na huko nitakutana na baa nyingine.

Nikauliza, hii hesabu ya ajabu aliileta nani? Nikaambiwa ni kampuni ya simu. Wamarekani wa Bell walitaka kujua sauti inapotea kiasi gani ikipita kwenye maili nyingi za waya, wakatunga kipimo katika miaka ya 1920, na mwaka 1928 wakakipa jina la desibeli kwa heshima ya Alexander Graham Bell. Kwa waya kipimo hicho kinafaa sana. Waya haulazimiki kuamka saa kumi na moja kwenda kuchuma chai.

Lakini wazo kwamba hisia za binadamu zinaweza kuandikwa kwa hesabu ni la zamani zaidi. Kule Leipzig, Ujerumani, alikuwepo profesa mmoja aliyeitwa Gustav Fechner. Asubuhi ya tarehe 22 Oktoba 1850, akiwa bado amejilaza kitandani, akili yake ilimletea kanuni: hisia zikipanda kwa kujumlisha, kile kinachozisababisha kinapanda kwa kuzidisha. Akaiandikia kitabu mwaka 1860, na mpaka leo kuna wataalamu wanaoiadhimisha tarehe hiyo. Mimi naiadhimisha kwa namna yangu. Kila nikifika saa tisa usiku macho yamenitoka, namkumbuka Fechner, mtu aliyekuwa na kitanda kitulivu kiasi cha kuzaa sayansi ndani yake. Baada ya miaka mia moja na ushee akaja Mmarekani wa Harvard, S. S. Stevens, mwaka 1961 akachapisha makala ambayo kichwa chake kilisema ni ya kumheshimu Fechner na kuifuta sheria yake. Huyu Stevens ndiye aliyewaketisha watu, akawasikilizisha sauti, akawaambia: hii tuiite kumi, haya niambie hiyo nyingine ni ngapi. Kutokana na majibu ya namna hiyo ndipo tukapata ile habari ya desibeli kumi kuwa maradufu. Alishatunga hata kipimo chake mwaka 1936, soni, ambacho kinajumlishika kama kilo: soni mbili ni sauti kubwa mara mbili ya soni moja, kwa sikio la binadamu. Kipimo cha watu wenye akili zao. Kwa hiyo, bila shaka, sheria haikitumii.

Nikaona isiwe taabu, njia ya Stevens naweza kuitumia hapa nyumbani bila maabara. Nikawakusanya waliokuwepo. Nikasema, sauti ya mimi ninavyoongea sasa hivi tuiite kumi. Haya, besi ya ng'ambo ni ngapi? Mama mkwe wangu, ambaye wajukuu wanamwita Kogo, alisema mia tano, akaongeza kwamba ni dhambi pia. Mzee wangu, kutoka chini ya mto, alisema ni nane, nimwache alale. Kijana wa boda boda anayetubebea maziwa alisema, "Mama, kwa heshima, hapo bado hawajafungulia." Mfanyakazi wetu wa shamba alikataa kabisa kutoa namba, baadaye nikakumbuka kwamba ana deni kule baa. Nadhani watu wa Stevens walikuwa wanasikiliza milio mitupu ndani ya chumba, hawadaiwi na mwenye mlio.

Hata hivyo nilichotaka kujua hasa ni kwa nini simu ilisema 44 wakati kifua changu kinasema mengine. Mpwa wangu alijikuna. Nilimwona anatafuta maneno ya upole. "Shangazi, simu inapima kwa A."

Hiyo A ndiyo makato ya karani. Imetoka wapi? Mwaka 1933, katika maabara hizohizo za simu za Bell, Harvey Fletcher na Wilden Munson walitoa matokeo ya jaribio lao kubwa. Waliwavisha watu vipokea sauti masikioni, wakawapa mlio wa mitetemo 1,000 kwa sekunde, halafu mlio mwingine, mzito au mwembamba, wakauliza: huu wa pili tuupandishe au tuushushe kiasi gani mpaka uwe sawa na wa kwanza? Wakachora mistari inayopandapanda na kushukashuka. Mistari hiyo imepimwa upya mara nyingi tangu wakati huo, na ile ya kimataifa ilirekebishwa sana mwaka 2003. Inaonyesha kwamba sikio letu lina upendeleo. Milio ya kati na myembamba, hasa kuanzia mitetemo 2,000 mpaka 5,000, tunaisikia kirahisi mno. Humo ndimo mnamokaa ukali wa mtoto anayelia, ndiyo maana hakuna mama anayelala. Besi ya chini kabisa inahitaji nguvu nyingi sana ili tuisikie sawasawa na hiyo.

Basi walipotengeneza vipima sauti, ambavyo kiwango chake cha kwanza cha Marekani kilitoka mwaka 1936, wakavitia chujio linaloiga upendeleo huo. Chujio A liliigwa kwenye mstari wa sauti ndogo, sauti za desibeli 40 hivi. Kwa mlio wa mitetemo 1,000 halikati kitu. Kwa besi ya mitetemo 100 linakata desibeli 19. Kwa mitetemo 63, pale ngoma za baa zinapoishi, linakata 26. Kwa mitetemo 50 linakata 30. Karani wangu wa chai angenikata hivyo, gunia zima lingeandikwa kiganja.

Nikiwa mtu wa haki, nikubali kwamba makato hayo yana msingi. Besi ikiwa ndogo hatuisikii, kweli. Lakini mistari ya wale mabwana inaonyesha jambo jingine ambalo chujio halijali: upande wa besi mistari imebanana. Maana yake ni kwamba besi ikishavuka tu mlango wa kusikika, inapanda mbio. Ongezeko dogo ambalo kwa sauti ya kati ungelitambua kwa shida, kwa besi linaifanya nyumba nzima iamke. Anayepiga muziki kule akisukuma kitufe kidogo tu, mimi napata ngoma kitandani. Chujio A hukata kilekile siku zote, iwe ni mnong'ono au ni harusi.

Halafu stima ikapotea. Hapa kwetu stima kupotea ni jambo la kawaida, lakini usiku ule lilikuwa jambo la kisayansi. Baa ikanyamaza katikati ya dum. Vikombe vikatulia. Mzee wangu akatoa kichwa nje kama kobe. Nikamwambia kijana, pima sasa hivi, haraka, kabla hawajawasha jenereta. Akapima. Arobaini na moja.

Hebu tazama. Baa ikiwa hai, 44. Baa ikiwa imekufa, 41. Tofauti ya 3, kama ya mchungaji! Na hiyo 41 inatoka wapi usiku wenye utulivu namna ile? Tukatega masikio. Nyenje. Nyenje kwenye majani ya chai, na vyura huko bondeni. Nyenje wetu wanalia kwa mlio mwembamba, palepale ambapo chujio A si tu kwamba halikati, bali linaongeza karibu desibeli moja. Kipima sauti kinawapenda wadudu kuliko kinavyowasikia walevi. Ukikipeleka mahakamani kitawashtaki nyenje, na mwenye baa kitamwita shahidi.

Jenereta ikaguruma, dum ikarudi. Nikamuuliza mpwa wangu kama hiyo programu haina herufi nyingine. Akatafuta, akapata C. Chujio C liliigwa kwenye mistari ya sauti kubwa na kwa mitetemo 63 halikati hata desibeli moja kamili. Akabonyeza. Tarakimu ikaruka mpaka 64. Uwanja uleule, usiku uleule, Shangazi yuleyule. Shirika la Afya Duniani, katika mwongozo wake wa mwaka 1999 kuhusu kelele mitaani, lilishaandika kwamba kipimo cha C kikizidi cha A kwa zaidi ya desibeli 10, mpimaji asiridhike, achambue milio yenyewe, kwa kuwa hapo pana besi ya kusumbua watu. Kwetu kilikuwa kimezidi kwa 20. Na tena simu zenyewe zimetengenezwa kwa ajili ya maongezi; nyingi zinapunguza sauti nzito kwa makusudi ili upepo usiharibu maneno. Kwa hiyo hata hiyo 64 nadhani ilikuwa imekatwa kidogo kwenye gunia.

"Lakini sheria inasema A," akasema mpwa wangu, na hapo nikajua kwamba chuo kimeshamharibu.

Sheria naijua sasa. Ni kanuni za kudhibiti kelele na mitetemo iliyozidi, za mwaka 2009, chini ya sheria ya mazingira ya Kenya, na NEMA, mamlaka ya taifa ya mazingira, ndiyo iliyopewa kazi. Kwa maeneo ya makazi, nje ya nyumba, mwisho ni desibeli 50 mchana na 35 usiku, kwa A. Eneo la biashara linaruhusiwa 60 mchana, lakini usiku nalo ni 35. Usiku wenyewe, kisheria, unaanza saa mbili na dakika moja na kuisha saa kumi na mbili asubuhi. Nilipoisoma hiyo 35 nilitaka kuwapigia makofi walioiandika. Kisha nikawakumbuka vyura. Kwa 35, bonde letu lote ni la wahalifu. Mvua ya masika ikianguka kwenye mabati ni kosa. Mvua ya mawe ndiyo usiseme, na majirani zetu wa Kericho wanashikilia rekodi ya dunia ya siku 132 za mvua ya mawe ndani ya mwaka mmoja. Kwa kanuni hizi wangekuwa wamefungiwa zamani. Mzee wangu naye, akishaondoa ule mto, anakoroma kuliko 35 kwa mbali, ingawa hajamfikia yule bwana wa Sweden, Kåre Walkert, ambaye mwaka 1993 alipimwa akikoroma desibeli 93. Mkewe nampa pole, kama alikuwa naye.

Hapa ndipo penye ujanja. Kanuni ikiwa ya chini kuliko nyenje, anayepima anaona wote wamevunja sheria, basi hakuna aliyevunja. Anafunga kifaa chake, anakunywa chai, anaondoka. Na mara nyingi anakuja saa ngapi? Saa nne asubuhi. Saa nne asubuhi jua limeshapasha ardhi moto, hewa ya chini ni ya joto na ya juu ni baridi, na sauti ikisafiri katika hali hiyo inapinda kwenda juu, inatupita vichwani. Usiku mambo yanageuka. Kwenye vilima vyetu, usiku usio na mawingu wala upepo, ubaridi unatulia chini na joto linabaki juu yake; sauti iliyokuwa inakwenda zake mbinguni inapindwa, inarudishwa ardhini, ng'ambo ya bonde, kwenye dirisha langu. Miti na kuta zinakula ile milio myembamba njiani. Besi haina wa kuila. Kwa hiyo hata kama mwenye baa anaapa kwamba mchana na usiku anapiga sauti ileile, na anaapa kweli, sisi tunapokea vitu viwili tofauti.

Wapo watakaosema Mama huyu anachukia muziki. Si kweli, napenda muziki mpaka basi. Mwaka 1950 Hugh Tracey, mkusanyaji wa nyimbo, alifika Kapkatet, hapo tu kwa jirani, akawarekodi wasichana wa Kikipsigis wakiimba habari za Chemirocha, yaani Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani waliyekuwa wamemsikia kwenye santuri. Mwaka 2015 rekodi hizo zilirudishwa kijijini, wazee wakazisikia tena. Zisikilize: sauti na chepkong, ala yetu ya nyuzi, ambayo ukiwa nyumba ya pili huisikii. Muziki wa kumfuata mtu alipo. Sikumbuki mzee yeyote akisimulia kwamba chifu aliitwa usiku kwa sababu ya chepkong.

Na wala siamini kwamba desibeli ndizo kila kitu. Mvua kwenye mabati inaizidi baa kwa kila herufi, A na C, nami hulala fofofo, kwa sababu najua majani yanakua. Kuna mashine za kuvuna chai huko kwenye mashamba makubwa. Mlio wake si mkubwa kuliko wa boda boda iliyotobolewa ekzosi, lakini mchumaji anayeusikia husikia kazi yake ikiondoka. Mei 2023 kule Kericho watu waliingia mashambani wakazichoma mashine hizo. Hawakubeba kipima sauti. Kelele inayokera ina kiasi chake, na ina mwenyewe, na ina saa yake.

Nashangaa kwamba walioiandika kanuni ya 2009 walilijua hili. Mbali na hizo tarakimu, kanuni inakataza kelele kubwa isiyo ya lazima inayokera au kuvuruga starehe na mapumziko ya wengine, na inataja mambo ya kuangaliwa: ni saa ngapi, ni karibu na makazi kiasi gani, inajirudia au ni ya mara moja, imekuzwa kwa mitambo ya umeme, inaweza kupunguzwa bila taabu kubwa. Nyenje hapo wameachiwa huru wote. Hakuna nyenje aliyekuzwa kwa mitambo. Mzee wangu naye ameponea chupuchupu. Anayebaki kizimbani ni mmoja tu, na jenereta yake.

Hata dunia ya matangazo imeshapita hapa. Mnakumbuka vile redio inavyoongea kwa upole, mara tangazo la dawa ya mifugo linaruka na kukuangushia kikombe? Wataalamu waligundua kwamba tangazo halivuki kilele kilichoruhusiwa. Linabanwa tu, zile sehemu ndogo zinapandishwa mpaka zote ziwe kubwa. Kipima kilele hakioni kosa, sikio linaliona. Mwaka 2006 shirika la kimataifa la mawasiliano, ITU, likatoa namna ya kupima utangazaji kwa ukubwa unaosikiwa na watu, Ulaya ikafuata mwaka 2010, na Marekani sheria yake ikaanza kufanya kazi Desemba 2012. Waliweza kufanya hivyo kwa ajili ya watu walioketi kwenye makochi wakiwa na rimoti mkononi. Mimi sina rimoti ya baa.

Nairobi walijaribu kwa njia fupi zaidi: mwishoni mwa Novemba 2022 kaunti ilitangaza kufuta leseni za vilabu vya usiku vilivyo ndani ya mitaa ya makazi. Huko kuna kelele za kutosha kubishana kwa miaka kumi, siwaingilii. Lakini ifahamike kwamba Katiba ya 2010, kwenye Jedwali la Nne, imeweka udhibiti wa kelele mikononi mwa kaunti zote, si ile ya Nairobi peke yake. Bomet ni kaunti pia. Tuna gavana, tuna bunge, tuna magari yenye nambari za kaunti, na kipima sauti chenye kitufe cha C hakigharimu kama gari.

Kwa hiyo ombi langu ni dogo. Yeyote aliyepewa kifaa na kalamu ya serikali, karibu nyumbani, lakini asije saa nne asubuhi. Aje saa sita usiku wa Jumamosi, mbingu zikiwa wazi na upepo umetulia. Asisimame langoni, aingie ndani, aweke kifaa kando ya mto wa kulalia, madirisha yakiwa yamefungwa. Aandike A kama sheria inavyotaka, aandike na C pembeni yake, na avumilie mpaka stima ipotee ili apime nyenje peke yao na kuwatoa kwenye hesabu, vile karani anavyotoa gunia. Asiogope kutuamsha.